Nimeota mfalme kaingia kwangu kanivika kilemba: ni cheo au ni msiba?

SWALI: Shikamoo mwalimu. Mimi ni mama wa watoto watatu, naishi Tanga mjini, kwetu ni Handeni na ni Mzigua. Tangu Ramadhani imalizike kuna ndoto inanijia na kujirudia. Naona mfalme anaingia uani kwangu, kavaa joho, watu wamemshikia mwavuli, mbele yake inapulizwa siwa. Anakaa kwenye kiti changu cha plastiki, anaomba chakula. Nafunua sufuria, naikuta tupu. Hasemi kitu, anavua kilemba chake ananivika mimi. Kizito mno, shingo inauma, naamka. Jirani yangu anasema nitapata cheo. Mume wangu anasema mfalme akiingia nyumbani kwa mtu ndotoni ni msiba. Mtabiri niliyempata kwa simu anataka laki moja na nusu "aifungue" kabla wabaya wangu hawajaifunga. Nishike lipi? Nisisahau: mjomba aliyekuwa mkubwa wa ukoo wetu alifariki mwezi wa Shaabani, na wazee wanataka makaratasi ya shamba niyatunze mimi, kwa kuwa ndiye mkubwa katika watoto wa dada zake. Najua halihusiani, ila nimeona nilitaje.

JIBU: Marahaba, mama, na poleni sana kwa msiba wa mjomba.

Nianze na la haraka. Hiyo laki moja na nusu usiitume. Ndoto haifungwi wala haifunguliwi kwa simu, na mtu anayekutia hofu kwanza ndipo akutajie bei, huyo anafanya biashara ya hofu. Kama umeshatanguliza chochote, hesabu kimepotea, usitume kingine kukifuata.

Sasa ndoto. Mume wako hajaizua hiyo tafsiri kichwani mwake. Imo katika vitabu vya taabiri, yaani vya kufasiri ndoto, vinavyouzwa kwa jina la Ibn Sirin, mwanachuoni wa Basra aliyefariki mwaka 110 Hijria. (Vitabu vyenyewe vilikusanywa na watu wa baada yake wakavipa jina lake, ndiyo maana ukinunua nakala mbili hutakuta maneno yaleyale.) Humo imeandikwa kwamba sultani akionekana ameingia mahali ambapo si kawaida yake kuingia, watu wa mahali pale wanafikwa na jambo zito. Msingi wake ni Sura ya An-Naml, aya ya 34, pale malkia wa Sabaa anapowaambia wakuu wake kwamba wafalme wanapoingia mji huuharibu na kuwadhalilisha watukufu wake.

Lakini tazama nani anasema na kwa nini. Yule malkia ana barua ya Nabii Suleiman mkononi na wakuu wake wamekwisha kujisifu kwa nguvu za vita. Mfalme anayemzungumzia ni wa majeshi. Wako kaingia akaketi kwenye plastiki, akaomba chakula. Vitabu hivyohivyo, tena mara nyingi katika mlango uleule, vinasema sultani mwadilifu akiingia mahali huingia na baraka, na sultani akionekana ana uso wa furaha ni dalili ya radhi za Mungu, akikunja uso ni dalili ya kasoro katika dini ya mwenye kuota. Jirani yako naye ana lake la kushika: kilemba katika taabiri ni uongozi, na taji kwa mwanamke mara nyingi hufasiriwa kuwa ni mume. Kwa hiyo wote wawili wamesoma, au wamesikia kwa aliyesoma. Walichoacha ni masharti.

Na masharti ndiyo elimu yenyewe. Kuna kisa maarufu cha Ibn Sirin ambacho walimu wa fani hii hawachoki kukisimulia. Mtu alimjia akasema ameota anaadhini, akaambiwa atahiji. Akaja wa pili na ndoto ileile. Huyo akaambiwa ataiba na atakamatwa. Waliokuwepo wakashangaa. Ibn Sirin akaeleza kwamba kwa wa kwanza aliona alama za wema, akakumbuka aya ya kutangaza Hija, na kwa wa pili hakuona alama hizo, akakumbuka mnadi aliyewaita ndugu zake Yusuf wezi. Ndoto ni moja, watu ni wawili, basi tafsiri ni mbili.

Wagiriki walilijua hilo mapema. Artemidorus, aliyeandika vitabu vya ndoto katika karne ya pili na ambaye kazi yake ilifasiriwa kwa Kiarabu Baghdad katika karne ya tisa, anasema mtumwa akiota amekuwa mfalme atapata uhuru, mwanafalsafa akiota hivyo ni heri, ila mgonjwa akiota amekuwa mfalme atakufa, kwa sababu mfalme na maiti wote wawili hawako chini ya amri ya mtu. Mimi sikubaliani na utabiri wake, lakini napenda jinsi anavyoanza. Haulizi mfalme maana yake nini. Anauliza wewe uliyeota ni nani.

Na wala usidhani kila kinachong'aa kifalme ni heri. Mtume (s.a.w.) aliota amewekewa vikuku viwili vya dhahabu mikononi, vikamkera, akaambiwa avipulize, akavipuliza vikapaa. Akavifasiri kuwa ni waongo wawili waliodai utume: al-Aswad al-Ansi wa Sanaa na Musaylima wa Yamama. Dhahabu ya kwenye mikono ya wafalme, tafsiri yake uongo. Mwenye kuota alihisi kukereka, na tafsiri ikafuata hisia ile. Lishike hilo, maana nitarudi kwenye shingo yako.

Tumwangalie basi huyo mfalme wako. Mwaka 1498, Wareno walipofika Malindi, mmoja wao aliandika alivyomwona mfalme wa mji ule: amevaa joho la hariri, kilemba cha thamani kichwani, juu yake mwavuli wa satini nyekundu, na wapigaji wa siwa mbili za pembe, ndefu kimo cha mtu, zinazopulizwa kwa tundu la ubavuni. Ni huyo wako, mama, karibu kila kitu. Siwa ya shaba ya Lamu na ile ya pembe ya Pate zilipulizwa kwenye kutawazwa na kwenye arusi za waungwana, na hazikupulizwa kwa kila mtu. Mwinyi Mkuu, mtawala wa jadi wa Unguja, naye alikuwa na siwa na ngoma zake kule Dunga. Picha hiyo hukuitunga. Pwani yote imeishi nayo, iko kwenye nyimbo za arusi, kwenye hadithi za bibi, kwenye stempu za zamani za Zanzibar zenye sura ya sultani na kilemba chake. Usingizi umeichukua ilivyo, kama ilivyokuwa imewekwa.

Tofauti ni moja tu. Yule wa Malindi alikalia viti vya shaba. Wako kakalia plastiki, uani kwako, akakuta sufuria tupu. Kanuni yangu ni hii: sehemu ya ndoto inayofanana na ya watu wote, ipite haraka. Pale inapoachana na picha ya kawaida, hapo simama, kwa sababu hapo ndipo ulipo wewe.

Mtu wa Muscat akimwota sultani, anamwota mtu ambaye picha yake iko ukutani dukani. Mganda akimwota Kabaka, mfalme wa Buganda, anaota cheo kilichofutwa mwaka 1967 na kurudishwa 1993. Kuna furaha na donda humo ambavyo Mzigua hana. Waingereza walikuwa wakimwota Malkia Elizabeth amekuja kunywa chai kwao, na wasiwasi mkubwa wa ndoto ni kama vikombe ni safi. Hawa wana wafalme wao. Wewe umezaliwa katika nchi ambayo machifu walifutwa kisheria mwaka 1963, na usultani wa Zanzibar ukapinduliwa Januari 1964. Huna mfalme. Basi yule aliyeketi kwenye kiti chako ni nani?

Freud, daktari wa Vienna, alijibu swali hilo katika kitabu chake cha mwaka 1900: mfalme na malkia katika ndoto kwa kawaida ni baba na mama wa mwenye kuota, na mwanamfalme ni yeye mwenyewe. Amepatia nusu. Alikuwa akiwasikiliza watu wa Vienna, ambako mkubwa wa nyumba ni baba. Kwa Wazigua ukoo huhesabiwa kwa mama, na mwenye kauli juu yako ni mjomba. Angekuwa amekulia Handeni, sidhani kama angeliandika lile la baba kwa uhakika ule.

Sasa unaona kwa nini ile sentensi yako ya mwisho, uliyosema haihusiani, niliisoma mara ya pili kabla sijasoma kingine. Mkubwa wa ukoo kafariki Shaabani. Ramadhani imepita katikati. Shawwal ndoto imeanza: mkubwa anakuja kwako, anavua alama ya ukubwa, anakuvika. Hakumvika kaka yako, hakumvika mzee yeyote wa kikao. Kimya chake nacho si cha ajabu, wafu wengi hawasemi katika ndoto. Sisemi ni roho yake imekuja. Hilo ni la imani yako na Mola wako, na mimi sina kipimo chake. Ninachoweza kusema ni kwamba moyo wako umepokea habari ambayo mdomo wako bado unaizungushazungusha: umeshateuliwa.

Chakula ndicho kimenishughulisha zaidi. Katika masimulizi yetu, ufalme na sufuria haviachani. Mbega, aliyeanzisha utawala wa Wakilindi huko Usambara, hakuingia kwa upanga. Alikuwa mwindaji aliyetoka Unguu, jirani zenu kabisa. Akawaua nguruwe pori waliokuwa wakila mashamba, akagawa nyama, wenyeji nao wakampa chakula cha shambani. Alipoua simba njiani kwenda Vuga, palipokuja kuwa makao ya wafalme hao, watu walikuwa wamekwisha kuamua awatawale. Ufalme ule ulianza kwa kulishana. Washambaa walimpima mfalme wao kwa jambo moja: anaiponya nchi au anaiharibu, mvua na njaa zilikuwa juu yake.

Upande wa pili kuna hadithi ya Sultani Darai, iliyoandikwa kutoka midomo ya watu wa Unguja na kuchapishwa mwaka 1870. Bila shaka uliisikia utotoni. Maskini Hamdani anachakura jaani akitafuta punje za mtama, anaokota thumuni, ananunua paa. Paa yule anamtafutia nguo, mke ambaye ni binti wa sultani, na jumba la kukaa. Halafu paa anaugua, anaomba uji, na Hamdani anamnyima, anaamuru apewe wa mtama mbovu. Paa anafariki. Baada ya hapo, usiku, mke anaota yuko kwa baba yake, mume anaota yuko jaani anachakura. Wakiamka, ndivyo ilivyo. Ona hadithi hiyo ilivyopanga mambo: cheo kimekuja bure na kimeondoka kwa sababu ya bakuli la uji, na hukumu imetolewa ndotoni.

Mtu aliyelelewa na hadithi za namna hii, akiambiwa awe mkubwa wa ukoo, hawazi kiti. Anawaza watu watakaokuja kuomba. Shangazi ataumwa, mtoto wa marehemu atataka ada ya shule, ndugu wa Dar es Salaam atataka kipande chake kiuzwe. Watakuja wote uani kwako, na wewe unafunua sufuria. Ndivyo ninavyoisoma. Sufuria tupu si dalili ya ufukara unaokuja. Ni swali ulilokwisha kujiuliza ukiwa macho, ukalinyamazia: nitawapa nini?

Na shingo. Nilisema tufuate hisia. Ungeniambia kilemba kilikukaa vizuri, ukajitazama kwenye kioo, ukacheka, ningekaa karibu na jirani yako. Lakini umesema kizito, na kimekuamsha kwa maumivu. Jirani anayekuambia hongera, cheo hicho, anakuvika kilemba cha ukoka. Mume anayesema msiba, pengine naye anaogopa jambo la kweli: kwamba mambo ya ukoo wako yatahamia nyumbani kwake. Mwulize hivyohivyo, bila kutaja ndoto. Naamini mtaongea mengi.

Kwa upande wa dini, najua utaniuliza. Hadithi imegawa ndoto mafungu matatu: bishara njema kutoka kwa Mwenyezi Mungu, huzuni inayotoka kwa shetani, na yale mtu anayojisemea nafsini mwake. Watu hukimbilia mafungu mawili ya mwanzo kwa sababu yana kishindo. Mimi yako naiweka la tatu, bila kusita sana. Hata hivyo ikikutia hofu usiku, fanya lililofundishwa: tema mate kidogo kushoto mara tatu, jikinge kwa Mungu, geukia ubavu mwingine. Na usiitangaze. Nabii Yakub alimkataza mwanawe Yusuf kuwasimulia ndugu zake ndoto ya jua, mwezi na nyota kumi na moja, naye alikuwa anawajua wanawe. Wewe umeshamsimulia jirani na mtu usiyemjua kwenye simu. Inatosha.

Nikiwa hapohapo kwa Yusuf: mfalme wa Misri alipoota ng'ombe saba wanono wanaliwa na saba waliokonda, wakuu wake walisema ni ndoto zilizovurugika. Yusuf akafasiri akiwa gerezani, bila kudai ujira. Lakini tafsiri yake haikuishia kwenye kutabiri njaa. Alisema limeni miaka saba, mtakachovuna kiacheni kwenye masuke, isipokuwa kidogo mtakachokula. Alimpa mfalme kazi ya kufanya kesho asubuhi. Ninapopima mfasiri, hicho ndicho ninachokitafuta, na yule wako wa laki na nusu hakukupa chochote cha kufanya isipokuwa kutuma.

Jambo moja la mwili, nilipitie upesi. Kama ulianza dawa mpya karibu na wakati ndoto zilipoanza, itaje hospitalini. Mefloquine ya malaria, efavirenz ya VVU, na baadhi ya dawa za presha kama propranolol zinajulikana kwa kuleta ndoto nzito, za wazi mno. Usiache dawa mwenyewe, uliza tu. Na kama usingizi umekatika kabisa kwa wiki kadhaa tangu msiba, hilo nalo ni la daktari.

Sasa kazi ya asubuhi. Usipokee makaratasi ya shamba mkononi, kienyeji, kwenye mfuko wa nailoni. Waambie wazee waitishe kikao cha ukoo, maamuzi yaandikwe kwenye muhtasari, waliohudhuria watie saini, na iandikwe wazi kwamba wewe ni mtunzaji wa nyaraka na si mwenye shamba peke yako. Hapo nusu ya wanaokuja na sufuria zao watajua pa kwenda. Angalia kama mjomba aliwahi kupata hati ya hakimiliki ya kimila, na imeandikwa kwa jina la nani. Kama hakuna, nendeni ofisi ya kijiji mwulize utaratibu. Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Namba 5 ya mwaka 1999, inampa mwanamke haki sawa na mwanamume katika ardhi hiyo, kwa hiyo asije mtu akakuambia mwanamke hashiki karatasi. Wakigombana, baraza la ardhi la kijiji lipo kwa ajili ya kusuluhisha. Toa nakala, moja ibaki kwa mzee mnayemwamini, nyingine kwako.

Na unayo haki ya kukataa. Ukiona watoto watatu na nyumba vinakutosha, sema hivyo mbele ya kikao, pendekeza mwingine, na wazee wataelewa kuliko unavyodhani. Ukikubali, omba mtu wa pili wa kushika nawe. Hakuna mahali kwenye ndoto yako palipoandikwa kwamba kilemba kile lazima kibebwe na kichwa kimoja.